Kifurushi Kisicho na Pilipili

Edita aliolewa Camalig akiwa na ulimi wa mtoto mchanga. Kwao ni Bulacan, ambako sukari hutiwa hadi kwenye nyama ya nguruwe, na pilipili ikiletwa mezani huwekwa pembeni kwenye kisahani, mtu achukue akitaka. Hapa kwetu hakuna cha kisahani. Pilipili kichaa tunaitia kwenye tui tangu mwanzo, inaiva na chakula, na anayetaka kula ale, asiyetaka arudi kwao. Tufani ikitangazwa redioni, mwanamume wa hapa kwanza huingiza ndani makopo yake ya miche ya pilipili, ndipo akumbuke kupanda juu kufunga bati. Fredo, mumewe Edita, alifanya hivyohivyo mwaka wao wa kwanza wa ndoa, na bati likaenda na upepo. Edita alilia. Mama mkwe alicheka mpaka akakaa chini, akasema bati linauzwa dukani.

Mama mkwe huyo ndiye Urbana, na sote tulimwita Lola Urbana, kama tunavyowaita bibi wote. Alikuwa mpishi wa pinangat, na kama ungetaka ugomvi na watu wa mtaa wetu ungesema tu kuwa kuna anayempita. Alitandaza majani ya magimbi yakanyauka kidogo, akayajaza uduvi, nyama iliyokatwa ndogondogo, tangawizi na pilipili bila huruma, akayakunja vifurushi, akavifunga kwa ukuti na kuvipanga chunguni juu ya mchaichai. Kisha akamimina tui zito na kuviacha juu ya moto mdogo wa vifuu. Hakuna kukoroga. Majani yakisumbuliwa kabla ya kuiva huwasha koo mpaka mtu ajute kuzaliwa.

Na palikuwa na desturi yake. Wateja wangeweza kujaa mlangoni na mabakuli, lakini hakuna kifurushi kilichouzwa kabla mwenye chungu hajaketi kwenye kigoda, akafungua kimoja, akala tonge la kwanza mbele ya watu na kusema, "Imeiva." Neno hilo likisemwa na mtu mwingine, hata kama ni kweli, watu walisubiri.

Edita alijifunza kula kwa machozi. Kwikwi ilimshika mezani, pua ikamtiririka, na wifi yake Nelia, dada mkubwa wa Fredo, akampa jina la Bibi Harusi wa Sukari. Lola Urbana naye hakumwonea huruma. "Ukila unalia, ukinyimwa unalia," alimwambia. "Tukufanyie nini, mwanangu?" Taratibu ulimi ukakubali. Baadaye ukaanza kudai, na Edita alipokwenda kwao kuzika, alirudi siku moja kabla kwa sababu chakula cha Bulacan kilimkinaisha.

Lakini kula si kupika. Miaka yote hiyo kazi yake ilikuwa kukuna nazi, kuchambua majani na kupepea moto. Kutia chumvi na pilipili, hapana. Lola alimgeuzia mgongo alipofika hapo, kama mtu anayehesabu fedha zake. Edita hakulalamika kwa mdomo. Moyoni alikuwa anakitaka kile chungu, na tusimsingizie utakatifu, alikitaka sana.

Kisha Lola Urbana akatapika damu. Ilikuwa asubuhi, chungu kikiwa jikoni tayari, na Fredo alimbeba kwenye lori lake mpaka hospitali ya mjini. Walimtibu, wakasema ni vidonda vya tumbo. Daktari alikuwa kijana mwenye adabu, akamweleza taratibu kwamba pilipili basi, na siki basi. Lola alimsikiliza mpaka mwisho.

"Daktari," akasema, "mimi nilikuwa nakula pilipili kabla baba yako hajaota ndevu. Kama ni kufa, nife na ulimi wangu."

Daktari akacheka, lakini alipotoka alimwita Edita ukumbini na hakuwa anacheka tena. Alisema damu ikitoka mara nyingine huenda wasimfikishe. Edita alimpelekea mumewe maneno hayo. Fredo alimpenda mama yake, ila lori lilikuwa linamsubiri kwenda Manila, na mtu mwenye safari huwa mwepesi wa kugawa kazi. "Wewe ndiye uko naye jikoni," akasema. "Fanya utakavyoona." Akawasha gari.

Edita akaona hivi. Mikono ya Lola ilikuwa inatetemeka tangu ugonjwa, kwa hiyo sasa Edita ndiye aliyekunja vifurushi na kutia viungo, mama mkwe akiwa kwenye kigoda anatoa amri. Macho ya Lola nayo yalikuwa yameingiwa na ukungu. Basi Edita akawa anapika kifurushi kimoja kando, kwenye sufuria ndogo, chenye tangawizi nyingi na kisicho na pilipili hata punje. Alikifunga mafundo mawili ili asikichanganye, akakiweka juu kabisa ya vingine chungu kikishaiva. Hicho ndicho alichompa Lola aonje.

Siku ya kwanza Lola alitafuna, akaacha kutafuna, akakitazama kile kifurushi kwa karibu.

"Umetia pilipili?"

"Nimetia, Mama."

"Kama kawaida?"

"Kama kawaida."

Lola akala tonge la pili, akasema imeiva, lakini aliisema chini chini. Edita akapumua. Alidhani lililobaki ni kumzoesha.

Hakujua alichofanya. Mtu wa kwingine angesema mara moja: huyu mkwe ananidanganya, hakutia pilipili. Lola Urbana alikuwa mtu wa Camalig. Pinangat bila pilipili ilikuwa kitu kisichoweza kumjia akilini, sawa na kushuku kwamba wali umepikwa bila mchele. Kama ulimi hausikii kitu, basi kosa ni la ulimi. Akaanza kuwauliza wateja. Alimwuliza Sabel, jirani yetu mwenye mdomo usiolala, kama imekolea. Sabel alikuwa anakula kifurushi cha chungu kikubwa, pua imemtoka jasho. "Leo imekolea kweli, Lola," akajibu. "Masikio yanaziba."

Lola akatikisa kichwa polepole. Edita alikuwa pale, upawa mkononi, na angeweza kusema. Akainama akachochea moto.

Baadhi ya watu wameniuliza mbona Lola hakuchuma pilipili moja tu kwenye makopo ya mlangoni akaitafuna, akajua ukweli. Wanaouliza hivyo hawajawahi kuogopa. Mtu anayehofia kwamba kitu chake kimekufa haendi kukipima. Lola alianza kupita mbali na yale makopo. Hata kuyamwagilia aliacha.

Ikafika Jumapili moja baada ya misa, nyumba imejaa wateja, na Nelia amekuja na wanawe kutoka Daraga. Lola aliketi kwenye kigoda, akala tonge lake, akakigeuzageuza kifurushi mpaka watu wakaanza kutazamana.

"Siwezi kuwaambia kama imeiva," akasema. "Sijui. Ulimi wangu umekufa."

Akaomba upawa. Edita akampa, na Lola akaushika kidogo kisha akaurudisha mikononi mwa Edita, akasema kwa sauti ya kusikika na kila mtu kwamba kuanzia leo mwenye chungu ni mkwewe, na mwenye neno aseme naye. Nelia aliangua kilio. Sabel naye, kwa kuwa Sabel hapitwi na kilio. Edita aliketi kwenye kigoda, akafungua kifurushi, akaonja, akasema, "Imeiva," na watu wakaleta mabakuli.

Alifurahi. Hili hakuwahi kulificha mbele ya nafsi yake. Neno lilipomtoka mdomoni na mabakuli yakanyooshwa, yule Bibi Harusi wa Sukari alifurahi mpaka akasahau kupokea fedha za bakuli la kwanza. Aibu ilikuja, lakini ilikuja nyuma ya furaha, na mpangilio huo ndio uliomtesa baadaye kuliko uongo wenyewe. Alijiuliza kama kweli alikuwa ameficha pilipili kwa ajili ya tumbo la mama, au alikuwa anajua tangu mwanzo mambo yataishia wapi. Alijibu hapana. Kesho yake akajiuliza tena.

Lola Urbana hakuingia tena jikoni asubuhi. Alikaa nyuma ya nyumba, upande wa mlimani, mikono mapajani. Aliyekuwa akijua mtaani nani amegombana na nani, sasa Sabel alimpelekea habari motomoto na yeye akasema tu, ahaa. Chakula alikula kwa kumridhisha aliyempa, matonge machache, kisha akasukuma sahani. Alisema kila kitu kina ladha ya maji. Hapo kwa kweli alikuwa sahihi, maana Edita alikuwa amekwisha kutoa pilipili kwenye kila kitu alichompa, samaki, maboga, hata mchuzi wa kuku.

Tumbo lilipona. Walipokwenda hospitalini, yule daktari alifurahi, akamwambia Edita kuwa wakwe wa namna yake ni wachache. Edita alitazama sakafu. Njiani kurudi Lola alisinzia begani kwake, mwepesi, mifupa tu, na Edita akakumbuka alivyokuwa zamani, akibeba gunia la nazi huku akitukana mbwa wa jirani. Alimwokoa mama huyu asife, na sasa alikuwa anamtazama akififia kidogo kidogo, na dawa ya huku kufifia ilikuwa sentensi moja tu mdomoni mwake.

Alikusudia kuisema. Alikusudia akifua, akifagia, akichambua majani. Lakini kila mara alianza na lile neno la kwanza, "Mama," na Lola akainua uso kwa upole mpya, upole ambao hakuwa nao kabla, Edita akamwuliza kama anataka chai. Kabla ya Pasaka alikwenda kuungama. Aliungama hasira, uvivu na kusengenya, akapewa kitubio chake, akainuka.

Ikaja sikukuu ya San Juan, somo wa parokia yetu. Siku hiyo watu humwagiana maji barabarani tangu asubuhi, na hakuna anayeheshimiwa. Nelia alikuja na familia yake, Fredo alikuwepo, na mlangoni watu walikuwa wengi kuliko mabakuli. Kijana mmoja akammwagia Edita ndoo nzima akiwa anatoka kuchukua kuni. Akaenda chumbani kubadili nguo. Hakukaa sana huko.

Aliporudi, alimkuta Lola Urbana ameketi kati ya watu. Nelia alikuwa amemtoa nyuma ya nyumba, akasema mama hawezi kukaa peke yake siku ya sikukuu, akampa kifurushi. Alikichukua kwenye chungu kikubwa kama ambavyo mtu yeyote angefanya. Kilikuwa na fundo moja. Edita aliliona likining'inia kidoleni mwa Lola, na taya la Lola lilikuwa tayari linatafuna.

Paji la uso likatoka jasho. Macho yakajaa maji. Lola aliacha kutafuna, akafumba macho, akaanza kutafuna tena kwa kasi, akakohoa, akameza, na uso wake wote ukawa mwekundu. Nelia alimwuliza kama amepaliwa. Lola alitikisa kichwa. Aliwatazama watu mmoja mmoja kana kwamba wamerudi wote kutoka safari.

"Imeiva," akasema.

Sabel akapiga ishara ya msalaba na kutaja jina la San Juan, na baada ya hapo hakuna aliyeweza kuwazuia. Ulimi wa Lola umefufuka siku ya mtakatifu mwenyewe. Walilia, wakacheka, wakamwagiana maji ndani ya nyumba. Fredo alimkumbatia mama yake, kisha akamtazama mkewe juu ya bega la mama. Alikuwa amepauka, maana yeye alijua daktari alisema nini, ingawa hakuwahi kuuliza jikoni kunafanyika nini. Hata siku hiyo hakuuliza.

Lola akataka kupelekwa kanisani, na akataka Edita ndiye amshike mkono. Walipita barabarani wameloa, watu wakija nyuma yao. Mbele ya sanamu Lola alipiga magoti, yale magoti mabovu ambayo padre mwenyewe alikuwa amemruhusu asiyapige, akashukuru kwa sauti. Alisema alidhani ameanza kuzikwa kutokea mdomoni. Alisema amemwomba Mungu miezi mingi amchukue, na sasa anafuta ombi hilo.

"Nawe mshukuru kwa ajili yangu, mwanangu," alimwambia Edita.

Edita akapiga magoti kando yake na kutikisa midomo.

Jioni Lola alishika tumbo kidogo, akasema ni gesi, akacheka. Edita alimtazama kila alipopumua. Hapo ndipo lilipomjia ambalo angepaswa kulifikiri tangu mwanzo: kesho. Akimpa kifurushi cha mafundo mawili, ulimi utakufa mara ya pili, na safari hii ataamini kuwa mtakatifu amempa na amemnyang'anya. Akimpa cha fundo moja, na kesho kutwa kimoja, na kesho yake kimoja, damu itarudi. Alipika vyote viwili, kwa kuwa mikono ilizoea.

Asubuhi mlango ulijaa mpaka barabarani. Hawakuja kwa njaa. Walikuja kumwona Lola akionja, na Sabel alikuwa mbele kabisa, bakuli kifuani. Nelia alikuwa amelala pale na alikuwa anagawa wali. Lola alitoka amevaa aproni yake, ile ambayo hakuwa ameivaa muda mrefu, akaketi kwenye kigoda na kunyoosha mkono.

Edita alifunua chungu. Mkono wake ukaenda wenyewe kwenye mafundo mawili. Alikuwa amekwisha kukiinua, tui linadondoka, alipoona kwamba Lola anatabasamu, anamtazama yeye na si kifurushi. Hakumpa.

"Mama," akasema, na safari hii hakuuliza habari ya chai. "Hiki hakina pilipili."

Lola hakuelewa. Alikunja uso kama mtu aliyeambiwa jambo kwa lugha ya mbali.

"Vyote nilivyokupa tangu tulipotoka hospitali havikuwa na pilipili. Nilikuwa nakupikia kando. Ulimi wako haukufa hata siku moja. Jana Nelia hakujua, akakupa cha watu."

Sabel alishusha bakuli. Nelia akafungua mdomo, na ungeweza kuona miaka yote ya maneno ikipanga foleni humo, lakini mama yake aliinua mkono na Nelia akaufunga.

"Hata siku nilipokupa upawa?" Lola akauliza.

"Hata siku hiyo, Mama."

"Na jana kanisani ulikuwa umenishika mkono."

"Ndiyo."

"Ukaniacha nishukuru."

Edita alijitetea kwa lile la zamani, lile alilojifariji nalo kila siku akifunga fundo la pili. "Ulimwambia daktari bora ufe, Mama. Nilisikia kwa masikio yangu. Nilijua utakataa."

"Nilimkatalia daktari," Lola Urbana akasema. "Wewe hukuniuliza."

Akanyoosha mkono tena. Edita akamwekea kile kifurushi. Lola alifungua fundo moja, akafungua la pili, na hakuna aliyethubutu kumsaidia. Alikula na wali, polepole, mpaka jani la mwisho, watu wote wakimtazama, kama ambavyo angekula tangu mwanzo laiti angeambiwa. Kisha akamwambia Nelia ampe ncha ya kijiko cha tui la chungu kikubwa. Aliligusisha ulimini, akatema kwenye leso, akawaambia watu imeiva.

Nelia ndiye aliyegawa asubuhi ile. Edita alibaki amesimama na upawa mkononi, na hakuna aliyemwambia auweke chini.